Kioo Kilichokataa Kutakata

Asifiwe Mungu, anayenyeshea mabati yetu ya Kibera mvua ileile anayonyeshea bustani za wenye nafasi. Asifiwe kwa macho yangu, ambayo katika umri huu bado yanasoma bila kukisogeza kitabu karibu na taa. Asifiwe kwa mke aliyenivumilia. Namshukuru hata kwa yale niliyoyaelewa nikiwa nimechelewa, maana angeweza kuniacha nisiyaelewe kamwe.

Nataka kuandika juu ya waipa za gari. Najua ni kitu kidogo, raba mbili nyeusi zinazopangusa maji kwenye kioo cha mbele, na wale ninaowafundisha Biblia kila Jumapili watashangaa mwalimu wao amekosa la kuandika. Lakini ni kwa sababu ya waipa, au kwa sababu ya kile nilichodhani ni waipa, kwamba mke wangu hakumkuta dada yake akiwa hai. Tangu siku hiyo, mvua ikianza kugonga kioo mimi huinamisha kichwa.

Tunaishi upande wa Olympic, pale ambapo mabati ya Kibera yanaanza kupakana na nyumba za mawe. Tulitoka Magharibi mwa Kenya tukiwa tumeoana juzijuzi, tukapanga chumba Kawangware, na huko ndiko tulikoingia kanisa. Baadaye kazi ilituhamishia Kibera lakini kanisa hatukulihamisha. Sababu ilikuwa dada mkubwa wa mke wangu. Alikuwa mjane, akiuza mboga karibu na kanisa, na ndiye aliyetupokea mjini tulipokuwa hatumjui mtu. Kila Jumapili baada ya ibada, mke wangu na dada yake walikaa mlangoni kwa dada wakichambua mboga na kuimba nyimbo za nyumbani. Mke wangu alishika sauti ya kwanza, dada sauti ya pili. Walikuwa wakigombana katikati ya wimbo.

"Umeanza juu sana."

"Si mimi, ni wewe umezeeka."

"Nizeeke mara ngapi? Anza tena."

Mimi nilikaa ndani nikinywa chai na kuwasikiliza. Nilidhani mambo kama hayo hayana mwisho.

Kazi yangu ya miaka mingi ilikuwa kuendesha lori la mkate. Nilipostaafu, watoto wetu walichanga wakatununulia gari dogo jeupe, kuukuu lakini zima, ili mama yao asisumbuke na goti lake akienda Kawangware. Jumapili ya kwanza tulilipeleka kanisani kuombewa, kama ilivyo desturi yetu. Waumini walitoka nje wote wakalizunguka. Akina mama waliweka mikono juu ya milango, mchungaji akachukua funguo kiganjani, akaomba kwa sauti kubwa, kisha akafungua chupa ya mafuta ya zeituni akapaka boneti na magurudumu yote manne. Dada yake mke wangu alipiga vigelegele hadi watu wa barabarani wakasimama kutazama.

Sikusema neno pale. Nilisema nyumbani. Nilisoma shule ya Biblia nikiwa kijana, na nimekuwa mzee wa kanisa tangu nywele zikiwa nyeusi, kwa hiyo nilijiona nina haki ya kusema. Nilimwambia mke wangu kwamba katika Maandiko naona mafuta ya kupaka wagonjwa, mafuta ya wafalme, na mafuta ya taa. "Gari si mgonjwa," nikasema, "wala si mfalme. Na taa zake zinatumia betri."

Alikuwa akikata vitunguu. Alicheka kidogo akasema, "Haya, mwalimu."

Nililichukua jibu hilo kuwa kukubali. Jumapili iliyofuata nikalifanya kuwa somo. Nilitoa mfano wa mama mmoja anayepaka simu yake mafuta ili mwanawe aliye mbali apige. Darasa likacheka. Mke wangu alikuwa ameketi pamoja na wenzake wa kikundi cha kutembelea wagonjwa, na nadhani naye alicheka. Sikumtazama vizuri.

Basi, waipa. Miezi ya kwanza ilikuwa ya kiangazi na sikuzihitaji. Mvua zilipoanza nikagundua kwamba kioo hakitakati. Waipa zikipita, badala ya kuacha kioo safi, ziliacha ukungu mweupe kama maziwa yaliyomwagika yakapanguswa kwa kitambaa kichafu. Gari likija mbele na taa zake, ukungu ule uliwaka wote, nikawa naendesha kwa kukisia.

Sikuwa mgeni wa mambo haya. Mtu akiendesha lori la mkate, alfajiri ya mvua na alfajiri ya jua, hujifunza kuzisikiliza waipa. Ukiona mstari mmoja mwembamba wa maji unabaki palepale kila zinapopita, ujue raba imechanika hapo au kuna kijiwe kimeingia chini yake. Zikirukaruka na kutetema, ujue mkono wa chuma umepinda, au raba imelala upande mmoja kwa kukaa muda mrefu bila kazi. Zikilia kama mlango mbovu, raba imekauka. Jua la Nairobi ndilo linaloziua zaidi kuliko mvua. Raba hukaa bila kazi miezi yote ya ukavu, ikiokwa juu ya kioo, na siku unayoihitaji unakuta imekuwa ngumu kama ukucha. Wengine huipangusa kwa mafuta ya taa ili ing'ae. Itang'aa, kisha itavimba na kuharibika.

Hayo yote niliyajua. Kwa hiyo nilipouona ule ukungu sikumwuliza mtu. Nilisema raba zimekufa, nikaenda kununua nyingine.

Kawangware kuna mama mmoja mwenye kibanda cha vipuri, kijana kuliko binti zetu, mwenye maneno mengi na mkono mwepesi. Waipa zimening'inia mlangoni kwake kama samaki wanaokaushwa. Yeye huniita guka, kama Wakikuyu wanavyomwita babu.

"Guka, karibu. Unataka za fremu ama hizi bapa?"

"Tofauti ni nini?"

"Za fremu ni hizi za chuma, za kitambo, kama zile ulikuwa nazo kwa lori. Fremu ikishikwa na kutu, inakandamiza hapa, pale haikandamizi. Hizi bapa hazina fremu, ziko na chuma moja ndani imejikunja kidogo, inalala kwa kioo yote. Lakini kama kioo yako imejikunja sana, bapa ya bei rahisi itaacha katikati."

"Yangu haijajikunja sana."

"Sawa. Ulipima?"

Nilikuwa nimepima. Upande wa dereva waipa ni ndefu kuliko upande wa abiria, na mtu asiyejua hununua mbili zinazolingana, akifikiri ni kama viatu. Ile ya abiria ikiwa ndefu mno itamgonga mwenzake kila zikikutana, au itapiga ukingo wa kioo. Ikiwa fupi, itaacha kona isiyofikiwa, na mtoto anayevuka huwa hakosi kutokea kwenye kona hiyo. Tulizipanga juu ya kaunta. Alinionyesha pia kitako cha kushikia, maana mikono mingi ya magari yetu ina ndoano, na waipa isiyokubali ndoano haifai hata ikiwa nzuri namna gani. Nilipitisha kidole ukingoni mwa raba kutafuta mkwaruzo. Ilikuwa laini, imenyooka, haina kasoro.

"Unaichunguza kama bibi harusi," akaniambia.

"Bibi harusi sikumchunguza hivi."

"Ndiyo maana unakuja kununua waipa peke yako!"

Nilicheka hadi nikakohoa. Nikazifunga mwenyewe palepale. Na mvua iliyofuata, ukungu ukarudi.

Nilizibadilisha tena. Nikajaribu za fremu. Nikajaribu aina nyingine ya raba, nyeusi zaidi, ambayo yule mama alisema hudumu. Kila zilipokuwa mpya kabisa zilipangusa vizuri dakika chache, kisha kioo kikarudia hali yake. Ningepaswa kujiuliza kwa nini waipa tofauti, za watengenezaji tofauti, zinakosea kosa lilelile. Sikujiuliza. Nilikuwa nimeshaamua mkosaji ni nani, na mtu akishaamua huacha kutazama.

Mwaka huo, mvua za Aprili zilipokolea, dada yake mke wangu alikuwa ameugua figo kwa muda. Alikuwa ametoka hospitalini akakataa kurudi, akasema anataka kulala kwake. Alasiri moja binti yake alimpigia mke wangu simu. Mke wangu aliweka sauti kubwa ili nami nisikie.

"Mama mdogo, mama anauliza kama umefika."

"Nimefika wapi? Niko nyumbani."

"Anasema anataka muimbe. Mama mdogo, njoo. Anapumua vibaya."

Mke wangu aliinuka. Alichukua leso yake na kitabu cha nyimbo. Mimi nikatafuta funguo, na nilipozipata yeye alikuwa ameshatangulia nje kwenye gari. Nilimkuta amesimama upande wa dereva katika manyunyu, akipangusa vidole kwenye leso.

Tulipotokea Barabara ya Ngong, mvua ilishuka kwa nguvu zake zote. Niliziwasha waipa, na kioo kikawa cheupe. Nimeona ukungu mwingi katika maisha yangu ya udereva, lakini haukuwa kama huo. Niliongeza kasi ya waipa na ukungu ukaongezeka. Nilisogeza uso hadi karibu niguse kioo kwa pua. Mtu mwenye gunia kichwani alitokea mbele yangu kama ametoka hewani, nikakanyaga breki, akapiga boneti kwa kiganja na kunitukana. Nikavuta gari kando, mahali wanapopanga vitanda na makochi ya kuuza karibu na Dagoretti Corner. Wenyewe walikuwa wakikimbia huku na huku wakiyafunika kwa nailoni.

"Mzee, mbona umesimama?" mke wangu akauliza.

"Sioni."

"Si wengine wanaenda?"

"Wao wanaona."

Nilishuka na kitambaa nikapangusa. Kilisaidia kwa muda mfupi, kisha waipa zikaurudisha ukungu. Nilipoingia tena ndani nimelowa, mkono wake ulikuwa kwenye mlango.

"Nifungulie nitembee."

"Na hilo goti? Na mvua hii?"

"Kawangware si ni hapo tu."

"Mama, utaanguka kwenye mtaro. Itapungua sasa hivi. Ngoja."

"Dada yangu hawezi kungoja."

Nikaweka mkono wangu juu ya wake, ule uliokuwa kwenye mlango, na hakuuvuta tena. Nilifanya hivyo kwa kumjali. Nimelipima tendo hilo mara nyingi mbele za Mungu na sijaona ndani yake ila kumjali. Lakini ningepaswa kumwacha atembee. Akina mama wenye magoti mabaya kuliko lake walikuwa wakipita pale dirishani, viatu mkononi, wakicheka mvua.

Basi tukakaa. Baadaye alianza kuimba. Aliimba sauti ya kwanza, chini sana, na mahali pa sauti ya pili akanyamaza, akahesabu kichwani, akaendelea. Sijui kuimba sauti ya pili. Miaka yote ile ya kuwasikiliza nikinywa chai, sikujifunza.

Simu iliita akiwa bado anaimba. Aliitazama, akanipa mimi niipokee.

Mvua ilipungua baadaye, kama nilivyokuwa nimesema. Tulipofika, walikuwa wameshamfumba macho na kumfunga kitambaa kipya kichwani. Binti yake alisema mama yake aliuliza mara mbili kama gari limefika, kisha akaacha kuuliza. Mke wangu aliketi kitandani, akaushika mguu wa dada yake juu ya blanketi, akakaa hivyo.

Tulimsafirisha kwenda Magharibi tukamzika karibu na wazazi wao. Huko matangani, kila aliyeuliza kwa nini hatukuwahi, nilimjibu kwamba waipa zilituangusha. Niliyasema hayo kwa jamaa, kwa mchungaji, kwa kila mtu. Mke wangu alikuwa akisikia. Hakunilaumu hata kwa jicho. Tuliporudi Nairobi nilikwenda kwa yule mama wa vipuri nikamwekea waipa zake juu ya kaunta, nikamwambia anauza takataka na kwamba takataka yake imetuzuia kumwona mtu wetu. Alizichukua, akapitisha kidole kwenye raba kama nilivyofanya mimi, akanitazama.

"Guka, pole sana," akasema. "Pole kwa msiba." Nimesharudi kumwomba msamaha, naye alinipa kiti na soda, lakini bado nauona ule mtazamo wake.

Ikaja Julai na baridi yake. Asubuhi moja nilitoka mapema kuliko ninavyotoka kawaida baada ya sala. Umande ulikuwa umeshika kioo chote cha gari, mweupe, mzito, kama mtu amepulizia pumzi. Mbele ya kiti cha dereva, mahali hasa macho yangu yanapotazamia barabara, palikuwa na msalaba. Umande ulikuwa umekataa kukaa pale. Mstari mmoja wa kusimama na mmoja wa kulala, upana wa kidole cha mwanamke.

Niligusa. Kidole kikateleza. Nikanusa, na ilikuwa zeituni.

Chupa ile niliijua. Mke wangu huiweka kwenye mkoba wake wa kutembelea wagonjwa. Nilijua pia kwamba kila asubuhi ya kusafiri, nikiwa chumbani nimepiga magoti, nilikuwa nikisikia mlango ukifunguliwa na kufungwa, na sikuwahi kuwaza anakwenda nje kufanya nini. Alikuwa akikiombea kioo ninachokitazamia, mimi nikiwa naomba ndani. Waipa zilikuwa zikipita juu ya maombi yake, zikiyatandaza kioo kizima, na raba zikiyanywa, na raba mpya zikiyanywa tena. Alikuwa amefanya hivyo kwa siri kwa sababu mimi, mwalimu, nilikuwa nimesema gari si mgonjwa, na watu wakacheka.

Siku hiyo nilichemsha maji, nikaosha kioo kwa sabuni ya vyombo, nikakirudia kwa spiriti, nikazipangusa raba zilezile nilizokuwa nimezitukana. Nikamwaga maji juu na kuwasha waipa. Kioo kilitakata hadi nikaona nyuzi za buibui kwenye waya za umeme ng'ambo ya barabara. Nilikaa kwenye usukani nikalia kama ambavyo sikulia makaburini.

Nikawa sasa na jambo moja la kuamua. Nikimwambia asipake, ataniuliza kwa nini, na nikimjibu atajua ni nini kilichotusimamisha pale penye vitanda. Nisipomwambia, atapaka tena, na mvua zitarudi. Nilimwomba Mungu neno la kusema na sikupewa. Basi nikachukua njia ya woga. Yeye alipaka alfajiri, nami nikatoka nyuma yake na kitambaa na spiriti nikafuta. Tuliishi hivyo hadi mvua za Novemba. Nilipofuta nilijisikia kama mtu anayefuta maandishi ya mtoto wake ukutani.

Asubuhi moja ya Jumapili, manyunyu yakiwa yameanza, nilikuwa nikifuta niliposikia hatua zake nyuma yangu. Alikuwa amesahau leso mlangoni, akairudia. Alinitazama mimi, akakitazama kitambaa, akatazama kioo, ambacho nusu yake ilikuwa bado inang'aa kwa mafuta.

"Unafuta nini?"

"Vumbi."

"Wewe ni mzee wa kanisa. Unafuta nini?"

Alisogea, akaweka kidole upande uliofutwa, kisha upande wenye mafuta. Matone ya mvua yalikuwa yakianguka, na upande mmoja yalishuka safi, na upande wa pili yalisambaa meupe. Hakuhitaji kufundishwa na mtu.

"Ni hayo?" akauliza.

"Raba nazo zilikuwa zimekauka."

"Usinifiche. Ni hayo?"

"Ndiyo, Mama."

"Na siku ile?"

Nilikitazama kitambaa mkononi mwangu. Alikaa kwenye ngazi ya mlango, goti lake likalia kama linavyolia. Alipozungumza tena hakuwa akizungumza nami.

"Siku ile nilipaka mara mbili," alisema. "Kwa sababu ya mvua."

Niliketi kando yake kwenye saruji yenye maji. Nilitaka kumwambia kwamba Mungu hakuhesabu mafuta, alihesabu upendo. Ni neno jema na nimelifundisha darasani, lakini nililiona dogo nikalinyamazia. Badala yake nilisema lililo la kweli.

"Kama nisingewachekesha watu, ungepaka mbele yangu. Ningekuona. Ningekuambia paka boneti, na tungefika."

"Ungekataza kabisa," akasema.

Nikafikiri. "Ndiyo. Huenda ningekataza."

Akatingisha kichwa, na sijui hadi leo kama alikuwa akinikubalia au akinisikitikia. Hatukwenda kanisani Jumapili hiyo. Ilikuwa mara ya kwanza bila ugonjwa. Kwa majuma kadhaa chupa ilikaa mkobani na hakuitoa hata alipokwenda kuona wagonjwa, akamwachia mwenzake kazi hiyo. Hakuimba jikoni. Kioo cha gari kilikuwa safi kama cha duka, na kila nilipokitazama nilitamani ukungu wangu.

Mwishowe ni mimi niliyeichukua chupa mkobani. Ilikuwa Jumapili asubuhi, mvua inanyesha. Nilimletea jikoni, nikanyoosha mikono yote miwili, viganja juu.

"Nini tena?" akauliza.

"Nilisema mafuta ni ya wagonjwa."

"Na wewe unaumwa nini?"

"Macho. Nimekaa nawe miaka yote hii na sioni. Nipake mikono inayoshika usukani, kioo tukiache."

Sitasema kwamba alitabasamu, maana hakutabasamu. Aliinamisha chupa kidogo, akaniandika msalaba kwenye kiganja cha kulia, akaniandika kwenye cha kushoto, polepole, kama mtu anayejifunza upya kazi aliyokuwa akiijua. Kisha akasema, "Usishike mlango wa gari na hiyo mikono, utauchafua. Nitakufungulia mimi."

Alinifungulia. Tukaenda Kawangware. Usukani uliteleza kidogo na gari likanuka zeituni. Waipa zilikwenda na kurudi bila kelele, na barabara ilionekana yote hadi mwisho wake. Tulipopita penye vitanda na makochi, aligeuza uso dirishani. Mahali hapo akaanza kuimba, sauti ya kwanza, na penye sauti ya pili akanyamaza. Nilijaribu kuijaza. Niliikosea vibaya.

"Umeanza chini sana," akasema.

"Nimezeeka."

Akaanza tena.

Wewe unayesoma, ukienda kununua waipa, pima urefu wa kila upande, angalia kitako chake, pitisha kidole kwenye raba. Kabla ya kumlaumu aliyekuuzia, osha kioo. Na kabla ya kukiosha, uliza kwa upole nyumbani kwako ni nani aliyekigusa, na kwa nini aligusa. Mungu aliye mwema akupe kioo safi na mtu wa kukuombea. Akuwahishe kwa wale wanaouliza kama umefika, na ikiwa umeshachelewa, kama sisi, akuketishe karibu na anayekupenda hadi aweze kuimba tena. Amina.